Ng'ombe Katika Kitabu cha Mama Kompaunda

Wakati watu wa kazi walipokuwa bado wanauita mji wa Eldoret Sisibo, walikuwamo watu wawili tu wenye diploma yenye muhuri mwekundu. Mmoja alikuwa daktari wa farasi wa masetla wa Kizungu. Wa pili nilikuwa mimi, Wafula, mpangaji wa herufi katika kiwanda cha chapa. Farasi waliisha na daktari wao akarudi kwao. Kwa hiyo ninyi vijana mnaonitembelea hapa Chepsaita kuniuliza habari za kazi mna bahati. Mmebakiwa na mmoja, na masikio yake bado ni mazima.

Kwanza niwaeleze hiyo diploma, maana kuna majirani wanaosema niliiokota. Niliondoka hapa kwenda vita vya Burma nikiwa mchunga nyumbu wa jeshi, na huko mguu wangu ukavunjika. Watu hupenda kusikia kwamba ilikuwa risasi. Ilikuwa nyumbu. Nikalazwa hospitalini Poona, India, na mguu ulipoanza kupona tukaambiwa kila askari achague kitu cha kujifunza: kushona viatu, kusuka vikapu au kupanga herufi za chapa. Darasa la chapa lilikuwa na feni. Nilisoma miezi minne, na miezi ya India ni mirefu kuliko ya huku.

Mwalimu wetu alikuwa Mmarathi, na alitufundisha kupanga herufi za Kizungu na za Kimarathi. Kusoma Kimarathi sikujua, na mpaka leo sijui. Nilijua sura ya kila herufi na chumba chake ndani ya kesi, lile sanduku la mbao lenye vyumba vidogo vidogo. Karani wa posta anajua sanduku la kila mtu bila kujua barua zinasema nini. Mimi nilikuwa hivyo.

Nilirudi Sisibo na koti la jeshi, na diploma ndani ya mkebe wa bati. Bwana Jivan, Mhindi mwenye kiwanda, aliishika kwa ncha za vidole. Yeye alikuwa Mgujarati, na herufi za kwao ni nyingine.

"Wewe najua panga hii ya Kimarathi?"

"Najua yote."

"Yote yote?"

"Bwana, tazama muhuri."

Alikuwa na kesi mbili za herufi za Kimarathi zilizokuja pamoja na mashine kuukuu aliyoinunua Mombasa. Hakuna mtu aliyekuwa amezigusa, na buibui walikuwa wamejenga humo. Akatundika diploma yangu ukutani, juu ya meza yangu, ili wateja waione. Tangu siku ile jina langu likawa Diploma.

Kazi yetu kubwa ilikuwa mabango ya minada ya ng'ombe wa masetla, tikiti za dansi zao, na karatasi za kufungia siagi. Mashine ilizungushwa na Mzee Koros, Mnandi mwenye mikono mirefu ambaye hakuwahi kuketi darasani hata siku moja, lakini kosa alilinusa kama mbwa anavyonusa mgeni. Yeye ndiye aliyenifundisha yale ambayo Poona hayakufundishwa. Mstari ukijaa sawasawa, ukiinamisha kijiti cha kupangia, kile cha chuma kinachoshika mistari, hausogei. Ukisogea, ongeza kipande cha karatasi nyembamba. Herufi osha kwa mafuta ya taa na brashi laini, wala usizipulize kwa mdomo, maana ni za madini ya risasi na vumbi lake litaingia kifuani. Na usibebe ukurasa huku unaongea.

Hilo la mwisho nilijifunza siku niliyobeba bango zima la mnada huku nikimsimulia mpishi wa setla mmoja habari za muhuri wangu. Nilipofika kwenye neno "mwekundu", bango likawa sakafuni. Herufi mia kadhaa, kila moja upande wake. Mzee Koros alisimamisha mashine, akatazama chini, akanitazama mimi, akatazama ukutani.

"Na hii walifundisha wapi?" akauliza. "Ni kabla ya muhuri ama baadaye?"

Tuliokota kuanzia asubuhi mpaka saa za chai.

Sasa niwaambie habari za Mama Kompaunda, kwa sababu ndizo zilizonifanya fundi kweli.

Mumewe alikuwa ndiye mchanganya dawa, yaani kompaunda, wa kwanza katika zahanati ya serikali, na kwa hiyo mji mzima ulimwita mke Mama Kompaunda. Walikuwa Wamarathi. Walikuja huku kabla ya reli, kwa gari la ng'ombe kutoka Londiani, mji ukiwa vibanda vya mabati na matope. Wakati ninaosimulia, mzee alikuwa amekwisha kufariki. Mama aliingia kiwandani amevaa sari nyeupe na makoti mawili juu yake, moja likiwa la mumewe, kwa sababu ya baridi yetu hii. Akaweka mezani daftari nne zilizofungwa ndani ya kitambaa.

"Hii ni maisha yangu," alisema. "Nataka ikuwe kitabu. Mia mbili. Treni yangu ni Jumamosi ya mwisho wa mwezi. Mtoto wangu ananirudisha kwetu, na huku sirudi tena."

"Mama," Bwana Jivan alisema, "chapa huko huko India. Huko wapiga chapa wamejaa kama nzi."

"Huko hapana. Nataka nishuke meli nikiwa nayo mkononi. Kuna mtu ananingoja."

Mtu huyo alikuwa wifi yake, dada mkubwa wa mumewe. Mama aliolewa akiwa na miaka kumi na mmoja, na mumewe akaanza kumfundisha kusoma kwa siri, jikoni, nyuma ya mtungi wa nafaka. Wifi akaigundua slate, kile kibao cha kuandikia. Aliipasua juu ya jiwe la kusagia, akatangaza mbele ya nyumba nzima kwamba mwanamke anayesoma humuua mumewe.

"Mume wangu alikufa na miaka sabini na mbili," Mama alituambia. "Kwa kifua. Si kwa alfabeti. Na wifi bado ako hai, anazeeka tu. Nataka nimwekee kitabu mkononi kabla hajaenda. Hiyo tu."

Juu ya daftari la kwanza palikuwa na kikaratasi kilichobanwa kwa pini, chenye neno moja kubwa na mstari mdogo chini yake, vyote kwa mkono wa mtoto wake.

"Hiyo karatasi kidogo utaona kazi yake," Mama akaniambia. "Kama huoni, uliza."

Nilielekeza kidole ukutani. "Mama, diploma kama hii haiulizi."

Alinitazama juu ya miwani yake, akaondoka. Kikaratasi nilikiweka kando. Wiki ile ile meza yangu ilikuwa ikiyumba, na kijiti cha kupangia hakitaki meza inayoyumba. Nikakikunja kile kikaratasi mara nne nikakisukuma chini ya mguu wa meza. Kilikaa vizuri sana.

Herufi za Kimarathi zina ugumu wake. Zinaning'inia chini ya mstari mmoja, kama nguo kwenye kamba, na kamba hiyo ni lazima iungane kutoka herufi hadi herufi. Kisha kuna vialama vya juu na vya chini, vyembamba kama kucha za kuku. Kwa sababu herufi zenyewe zilikuwa chache, tulipanga kurasa nane, tukachapa, tukazirudisha herufi kesini, tukapanga nane nyingine. Kitabu kilikuwa na kurasa sitini na nne. Bwana Jivan alifurahi, akasema kimelingana na jina la mji, maana Sisibo ni 'sixty-four' ya Kizungu, namba ya shamba ulipoanzia.

Kurasa nane za kwanza nilizichapa nakala moja ya majaribio nikampelekea Mama nyumbani kwake karibu na steshen, azipitie kabla hatujachapa zote. Alisoma kwa sauti, kidole kikitembea, na kila aya akanigeuzia kwa Kiswahili. Zilikuwa habari za utotoni: mtoto wa kike aliyelamba wino wa baba yake akidhani ndiko maneno yanakotoka, nyani aliyeiba kanzu ya kuhani. Alipofika harusini akapunguza sauti. Kwao bibi harusi hupewa jina jipya, na bwana harusi huliandika kwa kidole kwenye sinia la mchele.

"Aliandika, watu wakapiga makofi," alisema, "na mimi nikaangalia mchele. Sikujua kusoma. Wageni wote walijua mimi ni nani, isipokuwa mimi."

"Ulifanya nini, Mama?"

"Nililia. Yeye akadhani ni jina sipendi."

Alikuta makosa matatu tu. "Umepanga kama mtu anajua kusoma," akaniambia. Vijana, maneno hayo niliyahesabu kama diploma ya pili. Nikarudi kiwandani nikamwambia Bwana Jivan kwamba muda ni mfupi na kurasa zinazobaki hazihitaji kupitiwa na mtu. Naye alikuwa na mabango ya mnada mkubwa wa Moi's Bridge, ambayo siku zile iliitwa Hoey's Bridge, kwa hiyo akakubali.

Katika kurasa za daftari zilizofuata nikakuta kitu kipya. Kila baada ya mistari michache palikuwa na nafasi tupu ndani ya mstari, upana wa vidole viwili. Wakati mwingine tatu kwa ukurasa. Sasa, Poona tulifundishwa kwamba nafasi tupu katikati ya mstari ni aibu ya fundi, na fundi mzuri huijaza kwa pambo. Nikafungua droo ya mapambo. Maua yalikuwa manne. Vichwa vya ng'ombe, kwa sababu ya minada, vilikuwa tele. Nafasi nne za kwanza nikatia maua. Zilizobaki zote, mpaka ukurasa wa mwisho, nikatia ng'ombe. Na nilivipanga vizuri, pembe zote zikiishia chini ya ile kamba ya herufi.

Mzee Koros alizungusha mashine siku mbili. Siku ya tatu akainua karatasi mbele ya dirisha.

"Huyu ng'ombe ni wa nani?"

"Ni pambo, Mzee."

"Anarudi rudi. Hapa, hapa, tena hapa. Kwetu ng'ombe akionekana kwa shamba lako mara tatu, unaenda kuuliza mwenyewe ni nani."

"Mzee, wewe zungusha tu."

Akazungusha.

Alhamisi, siku mbili kabla ya treni, Mama Kompaunda alikuja kuchukua vitabu vyake. Nilikuwa nimemwekea kimoja juu ya kitambaa safi, nami nimevaa tai. Alikishika kwa mikono miwili, akakigusisha kwenye paji la uso. Akafungua katikati. Akasoma. Akafungua mbele kidogo. Akasoma. Nikamwona ameketi juu ya rundo la mabango bila kualikwa.

"Diploma," alisema polepole. "Ile karatasi kidogo iko wapi?"

Swali hilo lilinijia kama ndoo ya maji baridi. Bwana Jivan akaja, akasoma juu ya bega lake. Wagujarati wengi wanaweza kuzing'amua herufi zile, na yeye alizing'amua haraka kuliko nilivyopenda.

"'Tulipofika mjini,'" akasoma, "'ng'ombe akaniambia, usiogope.' 'Ng'ombe alinunua taa.' 'Siku hiyo ng'ombe alinikasirikia kwa sababu ya chumvi.'" Akanigeukia. "Wewe mtu, umefanya nini?"

Mama ndiye aliyeeleza, na alieleza akitazama kitabu, si mimi. Kwao mke hatamki jina la mumewe. Hatamki akiwa hai, hatamki akiwa amekufa, na haandiki. Ndiyo maana katika daftari aliacha nafasi kila jina lilipotakiwa. Na ndiyo maana mtoto wake aliliandika jina lile kwenye kikaratasi, na chini yake akaandika: jaza nafasi zote kwa hili.

Hapo ndipo nilipotaka ardhi inimeze. Kwa sababu sisi Wabukusu tunayo desturi kama hiyo. Mama yangu mzazi hakuwahi kulitamka jina la baba mkwe wake. Nikiwa mtoto nililijua jina la babu yangu kwa kuwasikia wazee, wala si kwa mama. Ningeuliza swali moja tu, Mama Kompaunda angeanza sentensi na mimi ningemmalizia.

"Tutachapa tena," nikasema.

"Na karatasi gani?" Bwana Jivan akauliza. Baada ya vita karatasi ilikuja kwa kibali, na ya Mama ilikuwa imekwisha yote. Herufi zilikuwa zimekwisha kurudi kesini. Treni ilikuwa Jumamosi. Akanyoosha mkono ukutani. "Toa hiyo kitu. Toa, weka ndani ya bati yako, peleka kwenu."

Nilipanda juu ya kiti. Sijawahi kuona msumari mgumu kama ule.

"Wifi atasema nini," Mama alikuwa akijiambia. "Miaka yote hii. Atasema, ona, alisoma mpaka akamgeuza kaka yangu kuwa mnyama." Akageuza ukurasa. Akageuza mwingine. Mabega yakaanza kumtikisika, nikajua analia, nikabaki pale juu ya kiti na msumari wangu.

Alikuwa anacheka.

"Mwanzo wa ndoa ni ua," alisema, akifuta macho kwa ncha ya sari. "Ua, ua, ua, ua. Halafu ng'ombe mpaka mwisho. Hiyo, Diploma, umepanga sawa kabisa." Akacheka tena, kisha kicheko kikamwisha ghafla. "Lakini nani alikuambia?"

"Kuniambia nini, Mama?"

"Habari ya mlima."

Hakuna aliyeniambia chochote, na nikasema hivyo. Basi akatusimulia. Walipokuwa wakipanda kutoka Londiani, gari lao lilivutwa na ng'ombe kumi na sita wa Kaburu mmoja. Mvua ilinyesha siku tano. Kwenye mwinuko mmoja wa matope ng'ombe mmoja alilala na hakuamka tena. Gari likaanza kurudi nyuma, na yeye alikuwa ndani, mjamzito, pamoja na makreti ya dawa. Mumewe alikuwa mtu wa vitabu, wa kola nyeupe, hakuwahi kubeba hata gunia. Alivua viatu, akaingia kwenye nira mahali pa yule ng'ombe, akavuta pamoja na kumi na tano mpaka juu. Makaburu walimcheka mpaka mji ulipoonekana.

"Aliniapisha nisimwambie mtu," alisema. "Aliona aibu. Ndugu zake wangesikia amefungwa na ng'ombe, wangesema nini? Kwa hiyo nimeandika maisha yangu yote, na hiyo sikuandika. Na wewe umeiandika kila ukurasa."

Mzee Koros alikuwa amesimamisha mashine zamani. "Nilisema ana mwenyewe," akasema.

Mama akauliza kama kuna karatasi yoyote. Zilikuwapo zilizobaki za tikiti za dansi ya masetla, za rangi ya waridi, ndogo kama kiganja. Akasema zinatosha. Akaketi mezani kwangu aandike, na alipoegemea kiwiko akasema meza hii iko imara sana. Ikabidi nipige magoti. Nilikivuta kikaratasi kutoka chini ya mguu wa meza, nikakikunjua, nikampa. Kilikuwa na alama ya mguu katikati, lakini jina lilisomeka.

Alikinyoosha kwa kiganja.

"Wiki tatu amebeba meza," alisema. "Ndivyo alivyokuwa. Anabeba, na mtu hamwoni."

Aliandika habari ya mlima kwa mistari tisa. Kisha akaniambia kwamba kwao kuna njia moja tu ambayo mke anaruhusiwa kutaja jina la mumewe: siku ya sherehe, mbele ya watu, ndani ya shairi fupi. Akavuta sari kichwani, na mbele ya Mgujarati, Mnandi na Mbukusu, akalisema jina hilo. Kwa Kiswahili maana ya shairi lake ilikuwa hivi:

Ng'ombe kumi na sita njiani, mmoja akalala topeni;
aliyeshika nafasi yake ni                    , wa kwangu nyumbani.

Ijumaa asubuhi nilipanga mistari ile tisa na shairi, aliloliandika akiacha nafasi, na safari hii nafasi nikaijaza kutoka kwenye kile kikaratasi; nikapeleka nakala ya majaribio kwa Mama, nikaipeleka tena, nikaipeleka mara ya tatu. Mara ya tatu akaniuliza kama siku hizi nimehamia kwake. Mzee Koros akazungusha nakala mia mbili, na jioni ile tukazibandika zote kwa gundi ya unga wa ngano, karatasi moja ya waridi ndani ya kila kitabu. Jumamosi nilibeba sanduku mpaka steshen mwenyewe, bila kumsimulia mtu habari za muhuri.

Bwana Jivan aliniruhusu kurudisha diploma ukutani baada ya mwezi. Niliirudisha chini kidogo ya pale ilipokuwa.

Barua ya Mama ilikuja baada ya miezi mingi, kwa Kiswahili alichomwandikisha mtoto wake. Ilisema: "Wifi amekishika. Amekaa nacho magotini siku nzima. Anasema yeye hajui kusoma, lakini huyo ng'ombe anamjua, alikuwa hivyo tangu mtoto. Sasa anamsumbua mjukuu amsomee kila mahali ng'ombe anatokea. Jana ameomba slate."

Nilifanya kazi ile miaka mingine mingi, nikapanga herufi za kila namna, na niliwafundisha wengi ambao leo wana diploma zenye mihuri mikubwa kuliko yangu, ingawa wekundu wa wangu hawajaufikia. Kitabu kimoja cha Mama ninacho. Siwezi kukisoma, isipokuwa neno moja ambalo naweza kulitambua hata gizani, kwa sababu nililipeleka likaguliwe mara tatu. Mkitaka kulijua, jina la mzee yule lilikuwa                    .

Nafasi hiyo nimeiacha makusudi. Wewe kijana utakayepanga ukurasa huu, usiijaze. Njoo Chepsaita uniulize.